Tina Fey hakubebwa na sura: jibu kwa binti wa Morogoro anayeigiza wanasiasa

Swali:

"Shikamoo dada. Mimi ni binti wa miaka 24 nipo Morogoro, nakatisha tiketi ofisi ya mabasi. Jioni nikitoka kazini narekodi klipu fupi za kuchekesha, nyingi namuiga kiongozi mmoja mwanamke maana watu wanasema tumefanana kama mapacha, na kweli klipu za kumuiga yeye ndo zinasambaa kuliko zote. Kuna kaka mmoja anajua mambo ya TV kaniambia niache kazi nikomae na huyo huyo, akanipa mfano wa mchekeshaji Tina Fey wa Marekani, kwamba alikuwa hajulikani kabisa, akatokea kufanana na mwanasiasa Sarah Palin, ikawa ndo kutoka kwake. Wengine wananiambia nina kovu la moto shavuni kwa hiyo TV nisahau. Mama yeye anaogopa nitakamatwa. Je ni kweli Tina Fey alitoka kwa sura? Nifuate njia yake au hapana?"

Jibu:

Marahaba mdogo wangu, na asante kwa kuandika kwa urefu, maana ungeniuliza kwa mstari mmoja ningekujibu vibaya. Nimeandika skripti za redio na TV hapa Dar miaka mingi na nafundisha vijana kuandika komedi, na hii habari ya "fulani alitoka kwa sura" naisikia karibu kila darasa. Nikikusoma vizuri naona hofu yako kubwa sio kovu wala sio polisi. Unaogopa kwamba ulichonacho mkononi ni kufanana na mtu basi, na siku huyo kiongozi akiondoka kwenye cheo na wewe umeishia hapo. Hofu hiyo ni ya msingi kabisa, ndo maana naanza nayo.

Huyo kaka kakupa mfano mzuri ila kausimulia kichwa chini miguu juu. John McCain, mgombea urais wa chama cha Republican, alimtangaza Sarah Palin, gavana wa Alaska, kuwa mgombea mwenza wake tarehe 29 Agosti 2008. Siku hiyo Tina Fey ana miaka 38, ana komedi yake mwenyewe kwenye televisheni ya NBC inaitwa 30 Rock, kaibuni yeye, anaiandika, ni mmoja wa maprodyuza, na ndani yake anaigiza mhusika mkuu Liz Lemon. Komedi hiyo ilishachukua Emmy, tuzo kubwa ya TV ya Marekani, ya komedi bora mwaka 2007. Alafu tarehe 21 Septemba 2008, siku nane tu baada ya kumuigiza Palin kwa mara ya kwanza, akabeba Emmy tatu usiku mmoja, ya uigizaji, ya uandishi na ya komedi yenyewe, na zote zilikuwa za kazi aliyoifanya kabla Wamarekani wengi hawajamsikia Palin. Kwa hiyo aliyefanana na Palin hakuwa mtu wa mtaani aliyeokotwa. Kilichotokea ni kwamba mtu aliyekuwa na miaka zaidi ya kumi na tano ya kazi alikutana na sura inayofanana na yake, na kwa sababu kazi alikuwa anaijua, alijua cha kufanya nayo.

Turudi nyuma kidogo maana hii sehemu ndo inayokuhusu wewe. Jina lake kamili ni Elizabeth Stamatina Fey, amezaliwa 18 Mei 1970 Upper Darby, pembeni ya Philadelphia, mama yake ana asili ya Ugiriki. Sekondari alikuwa anaandika safu ya kejeli kwenye gazeti la shule bila kuweka jina lake. Akasoma drama University of Virginia, akamaliza 1992, akahamia Chicago kwa sababu huko kuna Second City, ukumbi ambao wachekeshaji wengi wa Marekani wamepitia. Alikuwa na digrii na bado hakuanza na jukwaa. Alianza mapokezi kwenye YMCA ya Evanston, jirani na Chicago, mchana anahudumia watu dirishani, jioni anaenda darasani kujifunza kuigiza papo kwa papo bila skripti. Wewe mchana unakatisha tiketi jioni unarekodi. Kama kuna mahali mnafanana na Fey mimi naona ni hapo.

Hilo darasa la kuigiza papo kwa papo naomba nikueleze maana watu wanadhani ni kipaji cha kuropoka. Sio. Kuna kanuni ya kwanza kabisa, mwenzako akisema kitu jukwaani unakikubali alafu unaongeza. Mwenzako akikuambia "dada hili basi limejaa maji," huruhusiwi kusema "hapana halina maji," ukisema hivyo igizo limekufa papo hapo. Unasema "ndiyo, na samaki nao wamelipa nauli," sasa mwenzako ana pa kwenda. Ukifanya hivyo usiku hadi usiku mbele ya watu waliolipa kiingilio, unajifunza vitu viwili ambavyo klipu haikufundishi, kumsikiliza mwenzako, na kusikia sekunde ile watu wanapoacha kucheka. Klipu inakuletea namba ya watazamaji tu. Haikuambii ni neno gani liliwachekesha, unabaki kuhisi kwamba ni sura yako, na inawezekana lilikuwa ni neno ulilolitupia bila hata kulifikiria.

Fey alipanda taratibu pale Second City, akakutana Chicago na Amy Poehler, na mpiga piano Jeff Richmond ambaye baadaye alimuoa na ndo aliyetunga muziki wa 30 Rock. Mwaka 1997 akaenda New York, Saturday Night Live, kipindi cha vichekesho cha NBC kinachorushwa laivu Jumamosi usiku, na soma hapa vizuri: alichukuliwa kama mwandishi. Hakuonekana kwenye skrini kama mwigizaji wa kawaida. Mwaka 1999 akawa mkuu wa waandishi, mwanamke wa kwanza kushika nafasi hiyo kwenye kipindi kilichoanza 1975. Akaja kukaa mbele ya kamera mwaka 2000, kwenye ile sehemu ya taarifa ya habari ya kejeli inaitwa Weekend Update, mwanzo na Jimmy Fallon, na kuanzia 2004 na Amy Poehler, mara ya kwanza wanawake wawili kukaa pamoja kwenye meza ile.

Nataka ujue wiki ya pale inaendaje, maana ndo utaelewa kwa nini nakuambia uandike. Jumatatu waandishi wanakutana na mgeni wa wiki wanatupa mawazo. Jumanne wanaandika usiku kucha mpaka asubuhi. Jumatano skripti kama arobaini zinasomwa mezani mbele ya wote, nyingi zinakufa hapo hapo. Alhamisi na Ijumaa ni kuandika upya na kujenga seti. Jumamosi saa mbili usiku wanacheza show nzima mbele ya watu kama jaribio, wanaangalia kipi kimechekesha kipi kimelala, vinavyolala vinakatwa, alafu saa tano na nusu usiku inarushwa laivu. Yani kichekesho unachokiona kimepita kwenye mikono ya watu wengi na kimeua ndugu zake njiani. Mkuu wa waandishi ndo anayesimamia mchujo huo kila wiki, na Fey aliufanya kwa miaka kabla hajaondoka 2006.

Na kichekesho cha habari chenyewe kina ufundi wake unaoweza kuuanza leo jioni. Kina sehemu mbili. Ya kwanza ni habari, na lazima iwe wazi na fupi kama ya kweli. Ya pili inageuza ile habari kwa neno linalokuja mwishoni kabisa, sio katikati. Mfano kutoka kazini kwako: "Kampuni moja ya mabasi imetangaza kuwa kuanzia sasa mabasi yake yote yataondoka saa 12 kamili asubuhi. Haikusema asubuhi ya siku gani." Angalia pale, sijamtukana mtu, sijataja kampuni, na kila abiria aliyewahi kukaa stendi Msamvu anajua nasema nini. Ukiweka "siku gani" mapema kichekesho kinamwagika. Andika kumi za hivyo kila siku, tisa zitakuwa mbaya na hiyo ni kawaida kabisa, hata pale New York nyingi zinatupwa.

Sasa Palin mwenyewe. Igizo la kwanza lilikuwa 13 Septemba 2008, Fey anacheza Palin, Amy Poehler anacheza Hillary Clinton, seneta aliyeshindwa mwaka huo huo kupata tiketi ya urais ya chama chake cha Democratic, wamesimama pamoja kutoa tamko la kukemea jinsi wanawake wanavyofanyiwa kwenye kampeni. Miwani, nywele za kupandishwa juu, sauti ile, na kweli watu walishtuka kwa mfanano. Lakini mfanano unakupa kama dakika moja ya watu kushangaa, baada ya hapo inabidi uwe na kitu cha kusema. Igizo lile liliandikwa kwa kugonganisha wanawake wawili, mmoja kahangaika maisha yake yote kutafuta nafasi, mwingine kaipata ndani ya wiki mbili. Hasira ya Clinton wa Poehler ndo ilikuwa inachekesha, Palin wa Fey anatabasamu tu hajui kwa nini mwenzake anavimba. Toa Poehler pale, kinachobaki ni mtu aliyevaa miwani.

Na hapo kuna upotoshaji mwingine ambao huenda na wewe umeusikia. Watu wengi mpaka leo wanaamini Sarah Palin alisema anaiona Urusi kutoka nyumbani kwake. Hakusema. Siku mbili kabla ya igizo, kwenye intavyuu na Charlie Gibson wa ABC, alisema kwamba unaweza kuiona Urusi ukiwa kwenye ardhi ya Alaska, kutoka kisiwani, na hilo ni kweli, kuna visiwa viwili vya Diomede kwenye mlango bahari wa Bering, kimoja cha Marekani kimoja cha Urusi, vimeachana kama kilomita nne. Habari ya nyumbani ni sentensi ya Fey kwenye igizo. Ikakaa kwenye vichwa vya watu mpaka ikamezwa kama kauli ya Palin mwenyewe. Kama mwalimu wa komedi naona ni sentensi iliyojengwa vizuri sana, na kama raia naona ni onyo. Ukimuiga mtu vizuri, maneno uliyoyatunga wewe yanaweza kubandikwa kwake maisha yake yote, na huyo mtu hana namna ya kuyabandua. Kuna hata utafiti wa wasomi wa siasa uliochapishwa 2012 uliokuta vijana walioona maigizo yale walimpunguzia Palin alama zaidi ya ambao hawakuyaona. Ni nguvu kubwa hiyo mdogo wangu, usiishike kwa kubahatisha.

Mimi igizo ninalolipenda zaidi ni la pili, la 27 Septemba, kuhusu intavyuu ya Palin na Katie Couric wa CBS. Pale kuna sehemu ambapo waandishi walichukua jibu la Palin mwenyewe kuhusu mpango wa serikali kuokoa mabenki wakalirudisha karibu neno kwa neno. Hawakuongeza chumvi. Fey akalisema kwa utulivu uleule, anazunguka, anapotea, anarudi kwenye maneno aliyokaririshwa, na watu wakacheka kwa sababu sasa walikuwa wanalisikia kwa mara ya kwanza. Huo ndo uigizaji wa kejeli ninaoutetea: unachagua kitu ambacho mtu kweli amekisema au amekifanya, unakiweka mahali ambapo kila mtu anakiona. Sura, mwendo, umbo, lafudhi, hivyo ni vya kumtambulisha tu ili watu wajue unamsema nani.

Tarehe 18 Oktoba Palin akaja mwenyewe studio. Kuna dakika pale Alec Baldwin, mwigizaji mwenzake Fey wa 30 Rock, anamfuata Lorne Michaels, prodyuza wa Saturday Night Live, Palin wa kweli kasimama pembeni, Baldwin anadhani ni Tina, anaanza kulalamika kwamba huwezi kumruhusu Tina atoke jukwaani na yule mama. Ilikuwa moja ya show zilizoangaliwa zaidi kwa miaka mingi. Uchaguzi ukaisha Novemba, na jumla ya kazi yote ile ya Palin ilikuwa chini ya miezi miwili, akarudi kuigusa mara chache sana baadaye. Miezi miwili kati ya kazi ya miaka zaidi ya thelathini. Baada ya hapo 30 Rock iliendelea mpaka 31 Januari 2013, vipindi 138, wakati watazamaji wake hawakuwahi kuwa wengi kihivyo. Mwaka 2010 akapewa tuzo ya Mark Twain ya ucheshi akiwa na miaka 40, mdogo kuliko wote waliokuwa wameipata mpaka wakati huo. Filamu ya Mean Girls aliyoiandika 2004 kutoka kitabu cha malezi cha Rosalind Wiseman, kitabu ambacho hakina hata hadithi ndani yake, ikawa mchezo wa muziki Broadway 2018 na filamu tena 2024. Akaja na Unbreakable Kimmy Schmidt 2015 akiwa na Robert Carlock, mwandishi mwenzake wa 30 Rock, na 2025 The Four Seasons, zote Netflix. Hakuna hata moja kati ya hizo inayomhitaji Palin.

Na nisikupe picha ya malaika. Mwaka 2020 Fey aliomba vipindi vinne vya 30 Rock viondolewe kwa sababu vilikuwa na waigizaji weupe waliopakwa rangi kuigiza weusi, akaomba radhi. Naliweka hili hapa makusudi, maana komedi zetu nazo zina tabia ya kuchekea rangi, kabila, ulemavu na unene, na mtu anayeanza anaona ni njia ya mkato kwa sababu watu wanacheka haraka. Baadaye inakurudia. Kwenye klipu zako za huyo kiongozi nakuomba uzipitie moja moja ujiulize, hapa nachekea alichofanya au nachekea alivyoumbwa?

Sasa hofu ya mama. Mama yuko sahihi kuuliza, usimkasirikie. Hapa ndipo njia ya Fey haiwezi kuchukuliwa kama ilivyo. Marekani mwaka 1988 Mahakama ya Juu ya nchi iliamua, kwenye kesi ya jarida la Hustler na mhubiri Jerry Falwell, kwamba kejeli dhidi ya mtu maarufu inalindwa na katiba hata ikimuumiza, ilimradi hakuna mtu mwenye akili timamu atakayeichukua kama habari ya kweli. Fey alifanya kazi juu ya ulinzi huo, na nyuma yake kuna kampuni kubwa yenye mawakili. Sisi tuna Ibara ya 18 ya Katiba inayotupa uhuru wa maoni, lakini tuna pia Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 na kanuni za maudhui ya mtandaoni, za kwanza zilitoka 2018, zikafutwa na kuwekwa mpya 2020, nazo zimeendelea kubadilishwa. Mei 2020 mchekeshaji Idris Sultan alikamatwa baada ya video akiicheka picha ya zamani ya Rais Magufuli, na huyo ni mtu maarufu. Wewe uko peke yako na simu yako. Sisemi uache, nasema usifanye bila kujua unakanyaga wapi. Hatari kubwa zaidi, kwa ninavyoona, ni klipu inayoweza kukatwa na mtu mwingine ikasambazwa kama vile ni kiongozi mwenyewe anaongea, maana hapo inaacha kuwa mchezo inakuwa taarifa ya uongo yenye sauti yako. Weka kitu ambacho hakiwezi kukatwa, vazi la kuchekesha, jina la kubuni unaloitwa ndani ya igizo, mwenzako anayekujibu. Na kabla hujapandisha nyingine ya huyo kiongozi kaongee na mwanasheria ana kwa ana, umuonyeshe klipu zenyewe, usimuelezee kwa mdomo. Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu wanatoa msaada wa kisheria bure, na kuna TAWLA chama cha wanasheria wanawake, waulize nani yuko karibu na Morogoro. Mimi ni mwandishi, sio wakili, hapo mwisho wangu.

Kuna njia nyingine ambayo hata Fey mwenyewe aliitumia, na mimi ndo ningeichagua ningekuwa wewe: mhusika wa kubuni. Kwenye 30 Rock bosi wa TV anaitwa Jack Donaghy, na cheo chake ni makamu wa rais wa televisheni ya pwani ya mashariki na wa maoveni ya maikrowevu. Wakati ule NBC ilikuwa chini ya General Electric, kampuni inayotengeneza vyombo vya umeme, kwa hiyo kwa cheo kile kimoja cha kubuni alikuwa anawakejeli matajiri zake kwenye TV yao wenyewe, na hakuna aliyeweza kusema kasemwa yeye. Hata hiyo komedi mwanzo alitaka kuandika kuhusu chaneli ya habari, akashauriwa aandike mahali anapopajua, ndo ikawa nyuma ya pazia la kipindi cha vichekesho. Wewe unapajua wapi kuliko dirisha la tiketi? Abiria anayetaka siti ya dirishani ambayo ilishauzwa mara mbili, mpiga debe anayekuapia gari inaondoka sasa hivi, afande anayesafiri bila tiketi, mheshimiwa anayetaka basi limsubiri. Huyo mheshimiwa mpe jina lako mwenyewe la kubuni, mpe tabia za waheshimiwa watano, na mfanano wako utakusaidia kidogo bila kukufunga. Akiondoka madarakani yule wa kweli, wa kwako anabaki.

Kuhusu kuacha kazi, hapana, kwa sasa usiache. Fey hakuacha mapokezi ili aanze kujifunza, alijifunza akiwa mapokezi, akaondoka alipopata nafasi inayolipa. Klipu zinazosambaa sio mshahara. Nitakubali uache siku utakapokuwa na mkataba ulioandikwa wenye kiasi na muda. Na huyo kaka, inawezekana ana nia njema kabisa, ila akija na karatasi ya kusaini, au akitaka akaunti zako ziwe kwenye simu yake, au akakuambia utoe hela kwanza ya kukuingiza TV, simama. Karatasi ipeleke kwa mwanasheria, akaunti baki nazo mwenyewe, hela usitoe.

Kovu nimeliacha makusudi mpaka hapa ili lisionekane kama ndo jambo kuu, maana sio. Tina Fey ana kovu upande wa kushoto wa uso wake. Alikuwa na miaka mitano, nje ya kwao, mtu asiyemjua akamkata usoni. Miaka mingi hakulizungumza hadharani, na alipogusia alieleza kwamba ni ngumu kuliongelea bila kuonekana unalitumia au kulitukuza. Akakaa mbele ya kamera kila Jumamosi kwa miaka sita na kovu lake, karibu na lenzi, anasoma habari. Kwa hiyo anayekuambia TV usahau kwa sababu ya kovu anakuambia kitu ambacho mfano wa Fey unakikataa. Huna deni la kumueleza mtu yeyote umelipata vipi, huna pia ulazima wa kulifanya kichekesho, hata wakikuomba. Ila kama maneno ya watu chini ya klipu yanakunyima usingizi au umeanza kujificha upande mmoja wa uso hata nyumbani, nenda hospitali ya mkoa uombe kuonana na mshauri nasaha au ofisa wa ustawi wa jamii, hilo halitatuliwi kwa kuandika skripti.

Jambo la mwisho ni watu. Fey hakuwahi kuwa peke yake, alikuwa na Poehler, Richmond, Carlock, chumba kizima cha waandishi. Hata Orijino Komedi walitufikia kama kundi. Tafuta wawili watatu hapo Morogoro, hata chuoni SUA kuna vijana wanaopenda maigizo, mkutane mara moja kwa wiki, msomeane mlichoandika kwa sauti na mkubaliane kisichochekesha kinakatwa. Alafu mchezeni mbele ya watu, ukumbi wa kanisa, sherehe, popote, bila kamera. Ukiona unataka mafunzo rasmi kuna chuo cha sanaa cha TaSUBa Bagamoyo na idara ya sanaa bunifu Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, piga simu uulize kozi fupi maana huhitaji kuacha kazi kwa zote. Skripti zako andika tarehe na jina, na ukifikisha za kutosha kuwa kipindi, nenda COSOTA, ofisi ya hakimiliki, uzisajili kabla hujamuonyesha mtu yeyote wa TV, akiwemo huyo kaka.